Siku 61 baada ya hukumu ya ajali: rufaa bado ipo, na milioni 12 tuzichukue?

Swali la msomaji wa Morogoro: "Shikamoo wakili. Mdogo wangu ni bodaboda Dumila. Aligongwa na basi, mguu wa kulia ukakatwa chini ya goti. Dereva alitiwa hatiani kwenye kesi ya trafiki. Tukafungua kesi ya madai Mahakama ya Hakimu Mkazi, na tarehe 10 Februari tukashinda: fidia ya jumla milioni 12. Lakini gharama za matibabu, milioni 9.4, hakimu alizikataa akasema hazikuthibitishwa, na stakabadhi tulizipeleka. Leo Jumapili tarehe 12 Aprili nakala ya hukumu bado hatuna, kila tukienda tunaambiwa njooni wiki ijayo. Mwenye basi anasema naye atakata rufaa. Watu wa bima wamempigia simu mdogo wangu aende akasaini achukue hela. Mimi nataka kukata rufaa. Muda upo? Na hizo milioni 12 tuzichukue au tuziache?"

Marahaba, kijana wangu, na mpe pole mdogo wako. Muda upo. Lakini kuna barua moja ambayo hujaitaja kwenye swali lako, na naogopa hujaitaja kwa sababu hamjaiandika. Pia kuna karatasi ya bima ambayo mdogo wako asiiguse mpaka amalize kusoma jibu hili.

Tuanze na hesabu. Kwa Tanzania Bara, rufaa ya madai kutoka Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi kwenda Mahakama Kuu, pale shauri lilipoanzia huko chini, ina siku 90 chini ya Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89. Siku ya hukumu yenyewe haihesabiwi. Kuanzia tarehe 11 Februari hadi leo ni siku 61, na siku ya 90 ni tarehe 11 Mei. Mmebakiwa na siku 29. Wengi wakisikia hivyo wanapumua, wanarudi nyumbani kusubiri nakala. Hapo ndipo rufaa nyingi za ajali zinapofia, wala si mbele ya jaji.

Sheria hiyohiyo inasema siku zilizotumika kupata nakala ya hukumu na ya tuzo (karatasi ya mahakama inayotaja nani alipwe kiasi gani) haziingizwi kwenye zile 90. Ni haki yenu, na wala haiombwi kwa maombi maalumu. Ila Mahakama ya Rufani imeshaeleza kwamba anayetaka kuondolewa siku hizo lazima aonyeshe kuwa aliomba nakala kwa maandishi, na kwamba aliziomba kwa ajili ya rufaa. Kwenda dirishani mara sita na kuambiwa "njooni wiki ijayo" hakuachi alama yoyote kwenye jalada. Karani akihamishwa kesho, safari zenu zote sita zinaondoka naye.

Kwa hiyo kesho Jumatatu asubuhi peleka barua masjala ya mahakama iliyotoa hukumu. Iwe fupi: namba ya shauri, majina ya wadaawa (mdai na wadaiwa) kama yalivyo kwenye hukumu, tarehe ya hukumu, kisha maneno haya, "naomba kupatiwa nakala zilizothibitishwa za hukumu, tuzo na mwenendo wa shauri kwa ajili ya kukata rufaa Mahakama Kuu." Mwenendo wa shauri ni kumbukumbu ya yote yaliyosemwa na kupokelewa mahakamani. Chapisha nakala mbili. Moja inabaki, nyingine inarudi kwako na mhuri wa kupokelewa, tarehe na saini. Usiondoke dirishani kabla hujausoma mhuri: wino ukiwa hafifu, omba ugongwe tena. Siku mtakayopewa nakala, hakikisheni tarehe hiyo nayo inaonekana mahali, kwenye stakabadhi ya malipo au kwa maandishi ya karani. Tuseme barua inapokelewa tarehe 13 Aprili na nakala zinatoka tarehe 5 Mei: siku 22 zinatoka kwenye hesabu, mwisho wenu unasogea hadi tarehe 2 Juni. Hata hivyo, mkiweza, wekeni rufaa kabla ya tarehe 11 Mei. Hapo hakuna atakayekuwa na cha kuhesabu.

Nasisitiza hivi kwa sababu ya mama mmoja niliyemwakilisha miaka iliyopita. Mumewe aligongwa na lori. Alikuwa na kesi nzuri kabisa, na alikuwa amefuatilia nakala zake wiki kwa wiki kwa miezi minne. Alikuja kwangu na daftari la shule alimokuwa ameandika kila tarehe aliyokwenda na nauli aliyolipa. Barua hakuwa nayo. Jaji alilitazama lile daftari kwa muda mrefu, nami nilimwona akihangaika, lakini rufaa ilitupiliwa mbali. Sitaki yamkute mdogo wako.

Tofautisha maneno mawili yatakayosikika mahakamani. Rufaa "kuondolewa" maana yake ina kasoro na haikusikilizwa. Ukiirekebisha na muda ukiwepo, unarudi. Rufaa "kutupiliwa mbali" kwa kuchelewa ni mlango uliofungwa. Sheria ya Ukomo inamlazimisha jaji kutupilia mbali hata kama upande wa pili haukulalamika.

Watu watakuambia usihangaike na mambo haya ya kiufundi kwa sababu Katiba iko upande wenu. Ni kweli, Ibara ya 107A inazitaka mahakama zitoe fidia inayostahili kwa walioathirika na makosa ya wengine, na zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Mwaka 2018 sheria za mwenendo wa madai ziliongezewa kanuni ya lengo kuu, yaani haki itendeke kwa wakati na kwa gharama nafuu. Nimeitumia kanuni hiyo na imenisaidia kwenye makosa madogo. Lakini Mahakama ya Rufani, katika shauri la Halmashauri ya Kijiji cha Mondorosi dhidi ya Tanzania Breweries, Rufaa ya Madai Namba 66 ya 2017, ilisema wazi kuwa kanuni hiyo haitumiki kuvunja masharti ya lazima yanayogusa msingi wa shauri. Muda ni moja ya mambo hayo.

Sasa karatasi. Rufaa kwenda Mahakama Kuu inafunguliwa kwa hati ya sababu za rufaa, iliyosainiwa na mrufani, yaani anayekata rufaa, au wakili wake, ikiambatana na nakala ya tuzo, na nakala ya hukumu isipokuwa mahakama itoe ruhusa ya kutokuwa nayo. Masharti haya yako kwenye Amri ya XXXIX ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Hukumu ni maelezo ya hakimu na sababu zake. Tuzo ni ile karatasi fupi inayosema nani alipwe kiasi gani. Ukiipokea tuzo, isome ukiwa bado umesimama dirishani. Tarehe yake lazima iwe siku hukumu iliposomwa, tarehe 10 Februari, na si siku hakimu alipoisaini. Majina yafanane na ya kwenye hukumu, na kiasi kifanane. Ukiona tofauti, omba hapohapo kwa maandishi irekebishwe. Zamani tuzo yenye tarehe isiyolingana iliondoa rufaa nzima. Siku hizi majaji ni wavumilivu zaidi, lakini uvumilivu wa jaji si kitu cha kupangia bajeti.

Kumbuka namba za vifungu: Toleo la Sheria la 2023, lililoanza kutumika tarehe 1 Julai 2025, limesogeza namba za vifungu vingi. Ndiyo maana hapa nataja sheria kwa jina na sura. Ukiandika namba ya kifungu kwenye hati yako, ichukue kwenye toleo jipya.

Jambo jingine: umeandika "mimi nataka kukata rufaa." Mdai alikuwa nani? Kama ni mdogo wako, mrufani ni yeye, na saini ni yake, hata kama ataiweka akiwa amekaa kitandani na magongo pembeni. Wewe ukitaka kusimama badala yake unahitaji hati ya uwakilishi iliyotengenezwa kisheria. Nimeona kaka mtu anasaini sababu za rufaa kwa nia njema, na pingamizi la kwanza linakuwa hilo. Na wajibu rufani, yaani wanaokatiwa rufaa, ni walewale mliowashtaki. Usiongeze mtu mpya kwenye rufaa, hata kampuni ya bima, kama haikuwa kwenye shauri la awali.

Nije kwenye milioni 9.4, maana hapa ndipo moyo wa rufaa yenu ulipo. Gharama za matibabu ni fidia mahususi. Mahakama ya Rufani imesimama kwenye msimamo mmoja miaka mingi: fidia mahususi lazima itajwe bayana kwenye hati ya madai na ithibitishwe kikamilifu, shilingi kwa shilingi. Unasema stakabadhi "tulizipeleka." Neno hilo linanitia wasiwasi, kwa sababu stakabadhi zinaweza kupelekwa mahakamani kwa njia mbili zinazofanana machoni lakini tofauti kabisa kisheria. Ya kwanza ni kuziambatisha kwenye hati ya madai. Ya pili ni shahidi kusimama kizimbani, kuzitambua, kuomba zipokelewe, upande wa pili kuulizwa kama una pingamizi, na hakimu kuzipa namba ya kielelezo. Zilizoambatishwa tu si ushahidi, hata zikiwa halali na zimegongwa mihuri yote ya hospitali.

Jibu utalipata kwenye mwenendo wa shauri. Ukiupata, tafuta ukurasa wa ushahidi wa mdogo wako, au wa yule aliyelipa hospitali. Unatafuta mstari unaofanana na huu: "stakabadhi zimepokelewa na kuwekwa alama kielelezo P3." Kisha omba kuona vielelezo vyenyewe. Nyaraka iliyopokelewa inatakiwa iwe na maandishi juu yake: namba ya shauri, jina la aliyeitoa, tarehe ilipopokelewa na saini ya hakimu. Ukivikuta vyote hivyo, mna sababu ya rufaa yenye nguvu sana. Msikae mkaandika "Hakimu alikosea kwa kutokutenda haki kwa mrufani," sentensi ambayo naiona kila wiki na haimsaidii jaji kwa lolote. Andikeni: "Hakimu alikosea kisheria kwa kukataa gharama za matibabu za shilingi 9,400,000 bila kuzingatia kielelezo P3 kilichopokelewa bila pingamizi." Sheria inataka kila sababu iwe fupi, ipewe namba yake, isiwe na hoja wala hadithi ndani. Sababu ambayo haimo kwenye hati hamtaruhusiwa kuibua siku ya kusikilizwa bila idhini ya mahakama. Sababu tatu zenye mashiko zinatosha.

Mkikuta stakabadhi ziliambatishwa tu na hazikutolewa kizimbani, nakuambia ukweli: sababu hiyo itakuwa ngumu. Kuleta ushahidi mpya kwenye rufaa kunaruhusiwa kwa nadra, kwa mfano pale mahakama ya chini ilipokataa ushahidi iliopaswa kuupokea, au Mahakama Kuu yenyewe ikiuhitaji ili itoe uamuzi. Kusahau hakumo.

Kwenye fidia ya jumla, ile milioni 12 ya maumivu na mguu uliopotea, jaji haibadilishi kwa sababu tu yeye angetoa zaidi. Kanuni hii ni ya tangu enzi za Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki: mahakama ya rufaa inaingilia pale hakimu alipofuata msingi usio sahihi, alipoacha jambo la maana au kuingiza lisilohusika, au pale kiasi kilipokuwa kidogo au kikubwa kupita kiasi mpaka kionekane wazi kuwa makadirio yalikosewa. Kwa hiyo msibishane kwa uchungu, mbishane kwa ulinganisho. Ingieni TanzLII, tovuti yenye hukumu za mahakama za Tanzania, ni bure, tafuteni hukumu za Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani zenye jeraha kama hili, umri na kazi inayokaribiana. Kijana anayeendesha pikipiki kwa mguu wake hajapoteza kiungo tu, amepoteza kazi. Angalieni kama hakimu aligusa jambo hilo hata kwa sentensi moja. Kama hakugusa, hilo ni jambo la maana aliloliacha.

Kuhusu mwenye basi, ana haki ya rufaa yake. Ila Sheria ya Ushahidi inasema hukumu ya mwisho ya jinai, muda wa rufaa yake ukishapita, ni ushahidi usiopingika kwamba aliyetiwa hatiani alitenda kosa. Kama mlitoa nakala iliyothibitishwa ya hukumu ya trafiki, uzembe wa dereva hautikisiki kirahisi. Kitakachobaki kubishaniwa ni kama dereva alikuwa kazini kwa mwenye basi wakati ule, na kiasi cha fidia. Na mjue kwamba hata asipokata rufaa, mkikata ninyi anaweza kuwasilisha pingamizi lake ndani ya rufaa yenu akitaka milioni 12 ipunguzwe. Mahakama Kuu kwenye rufaa ya kwanza inaupima ushahidi upya wote, na inaweza kushusha kama inavyoweza kupandisha. Mdogo wako alijue hilo kabla hajasaini.

Sasa simu ya bima. Kupokea fedha ulizoshinda hakukuzuii kudai zaidi kwenye rufaa. Kinachozuia ni karatasi. Ofisini watamwekea mbele hati ambayo watu wa bima wanaiita dischaji vocha. Kwa kawaida ina ukurasa mmoja, mara nyingi kwa Kiingereza, na katikati kuna maneno yenye maana ya "malipo kamili na ya mwisho, sina dai lingine lolote." Akiweka dole gumba hapo, ameuza rufaa yake kwa milioni 12. Asiende peke yake. Aende na wewe au na wakili, aombe nakala ya kusoma nyumbani, na aseme kwa maandishi kwamba yuko tayari kupokea kiasi kilichotajwa kwenye tuzo huku akihifadhi haki yake ya rufaa. Wakikataa kulipa kwa masharti hayo, njia ipo: kuomba kukaza hukumu, yaani mahakama ilazimishe malipo yaliyoamriwa. Na wakati huo riba ya mahakama, kwa kawaida asilimia 7 kwa mwaka kuanzia siku ya hukumu, inaendelea kutembea mpaka deni lilipwe.

Rufaa peke yake haisimamishi ukazaji wa hukumu. Mwenye basi akitaka kusimamisha lazima aombe, na aonyeshe mambo matatu: atapata hasara kubwa hukumu ikikazwa, ameomba bila kuchelewa, na ametoa dhamana ya kutosha. Hilo la dhamana ndilo la kuling'ang'ania. Mkipelekewa maombi hayo, jibuni kwa kiapo kinzani, yaani kiapo cha maandishi cha kuyapinga, mkiomba fedha yote iwekwe mahakamani au iwepo dhamana ya benki. Kwa sababu mahakama ikishasimamisha ukazaji, Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, nayo inaiondolea bima wajibu wa kulipa kwa kipindi hicho. Sheria hiyohiyo inataka bima iwe ilipewa taarifa ya kesi kabla haijafunguliwa au ndani ya siku 14 baada ya kufunguliwa. Itafuteni nakala ya taarifa hiyo leo, iwekeni faili moja na ile barua ya kesho.

Kufungua rufaa siku hizi ni kwa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama, na pale Morogoro mnaweza kusaidiwa kwenye Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki. Mkishapandisha hati, mfumo unatoa namba ya malipo. Lipeni siku hiyohiyo. Yapo maamuzi yaliyosema hati imefunguliwa siku ada ilipolipwa, na sitaki mbishane juu ya usiku mmoja. Hati mnaweza kuziandika kwa Kiswahili. Tangu mabadiliko ya sheria ya 2021 ndiyo lugha ya mahakama. Kama ada ni mzigo, kanuni zinaruhusu asiye na uwezo kuomba kusamehewa, na watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya sheria ya 2017 wanaweza kuwaandikia hati bila malipo.

Baada ya hapo msikose tarehe hata moja. Jaji akiamuru hoja ziletwe kwa maandishi kufikia siku fulani, kutozileta siku hiyo ni sawa na kutofika mahakamani siku ya kusikilizwa, na rufaa inaweza kutupwa kwa sababu hiyo tu.

Ikitokea, Mungu apishe mbali, muda umepita, mlango uliobaki ni maombi ya kuongezewa muda Mahakama Kuu, kwa hati ya kiapo. Kipimo kinachotumika ni kile cha shauri la Lyamuya Construction, Maombi ya Madai Namba 2 ya 2010: kueleza kila siku ya ucheleweshaji, ucheleweshaji usiwe wa kupindukia, muombaji awe alionyesha juhudi, na kama ipo, kasoro ya kisheria inayoonekana wazi kwenye uamuzi unaolalamikiwa. "Kila siku" wanamaanisha kila siku. Uzembe wa wakili kwa kawaida hauhesabiki kuwa sababu. Na matokeo ya Mahakama Kuu yakiwaumiza, kwenda Mahakama ya Rufani kunaanza na taarifa ya rufaa ndani ya siku 30. Ile ruhusa ya kukata rufaa iliyokuwa ikitangulia kwenye mashauri ya madai kama hili iliondolewa mwishoni mwa 2023.

Kwa kesho, basi: barua nakala mbili, mhuri unaosomeka, na mdogo wako asikanyage ofisi ya bima bila wewe. Mkipata mwenendo wa shauri, niandikie nini kimeandikwa mbele ya zile stakabadhi, nitakusaidia kupanga sababu za rufaa.